Ukitoka Uwanjani, Ingia Hewani: Mbinu za Mchezaji wa Kriketi Anayetaka Kutangaza

Mwili wa mchezaji wa kriketi huanza kumdai mapema. Mrushaji wa kasi akikaribia miaka 35, goti humsemesha usiku kucha, na mpigaji naye hufika siku akaona mpira umeshampita kabla hajaamua aupige vipi. Hapa Kenya mambo ni magumu zaidi. Timu ya taifa ilipoteza hadhi ya kucheza mechi za kimataifa za siku moja mwaka 2014, na tangu hapo pesa za mikataba zimekuwa haba. Kwa hiyo kijana wa Moi's Bridge aliyebahatika kupata klabu Nairobi au Mombasa, akavaa jezi ya taifa misimu kadhaa, hurudi nyumbani na begi la vifaa, jina linalojulikana na wachache, na swali la atakula nini.

Wengi hukimbilia ukocha. Wengine hununua pikipiki au kukodi shamba la mahindi, na hakuna ubaya. Makala haya ni ya yule mwingine, anayesikiliza redio huku akimkosoa mtangazaji kimoyomoyo: "Siyo hivyo bwana, huyo hakubahatisha, alimtega." Kama ni wewe, jua kwamba tayari una kitu. Jina lako litakufungulia mlango mara moja, pengine mbili. Kitakachokuweka ndani ni jicho. Mtangazaji aliyesomea kazi yake anaweza kueleza kilichotokea. Wewe unaweza kueleza kwa nini kimetokea, na siku njema ukaeleza kitakachofuata. Hiyo ndiyo bidhaa yako, na haina maana mpaka ujifunze kuitoa kwa maneno mtu asiyeona uwanja akaelewa.

Anza ungali unacheza

Richie Benaud wa Australia, ambaye wengi humweka juu ya watangazaji wote wa kriketi waliowahi kuketi mbele ya kamera, alistaafu kucheza mwaka 1964. Mafunzo ya utangazaji alikuwa ameshayapata BBC mwaka 1956, timu yake ilipomaliza ziara ya Uingereza na yeye akabaki nyuma kusoma. Wakati huo hata unahodha wa Australia alikuwa hajapewa. Nyumbani Sydney alikuwa mtu wa gazeti, tena akapitia dawati la habari za polisi na uhalifu, mahali ambapo mtu hufundishwa kuandika kwa ufupi na kuulizia jambo kabla ya kulisema. Alipovua glavu, kazi ya pili ilikuwa imeshakomaa.

Kwa mtu wa hapa hilo lina maana rahisi. Ukiwa bado mchezaji, mhariri wa michezo ndiye anayekutafuta: anataka neno lako baada ya mechi. Ukishastaafu, wewe ndiye unayemtafuta, na simu haipokelewi. Basi kila mahojiano unayofanyiwa leo yachukue kama mtihani wa kuingia kazini. Unajua jibu la kawaida la mchezaji: tunamshukuru Mungu, vijana walijituma, tunaomba mashabiki waendelee kutuunga mkono. Jibu hilo halina kosa, ila halina kitu. Jaribu badala yake kutaja jambo moja ambalo aliyekuwa jukwaani hakuliona. Sema kwamba ova ya 14 upepo uligeuka, ndiyo sababu nahodha akabadilisha ncha za warushaji. Sentensi tatu zinatosha. Mwandishi aliyepewa kitu kama hicho atarudi kwako wiki ijayo, na namba yake ihifadhi, maana ndiye atakayekupeleka kwa mkubwa wake.

Omba pia kuingia chumba cha matangazo siku usiyochezeshwa. Kaa nyuma kimya, tazama nani anamwashiria nani. Wachezaji wengi wa akiba hupoteza saa nzima wakichezea simu benchini ilhali mita hamsini kutoka hapo kuna shule ya bure.

Na usiseme wewe si nyota. Mpumelelo Mbangwa, ambaye ulimwengu wa kriketi unamwita Pommie, aliichezea Zimbabwe mechi 15 tu za Test kati ya 1996 na 2000. Alichukua wiketi 32, si haba, lakini akishika bati ilikuwa kichekesho: wastani wake ulikuwa mbio 2. Leo sauti na sura yake zinajulikana kuanzia Afrika Kusini hadi India kuliko za wenzake wengi waliofunga mamia. Ebony Rainford-Brent naye, mwanamke wa kwanza mweusi kuichezea Uingereza, alikuwa katika kikosi kilichotwaa Kombe la Dunia la wanawake mwaka 2009, kisha akahamia redio na televisheni na kudumu huko. Wasichana wetu wanaochezea Kenya wasidhani kibanda cha matangazo ni cha kaka zao.

Kuna na njia ya kalamu. Derek Pringle alizaliwa Nairobi mwaka 1958. Baba yake, Don Pringle, alikuwa katika timu ya Afrika Mashariki iliyoshiriki Kombe la Dunia la kwanza mwaka 1975. Mtoto aliichezea Uingereza mechi 30 za Test, kisha akawa mwandishi wa kriketi wa magazeti makubwa ya London. Ikiwa sauti yako ni ya kukwaruza au una kigugumizi, fikiria hiyo. Anayeandika vizuri huishia kuitwa studio pia.

Usiombe kipindi cha kriketi

Kuomba kipindi cha kriketi ndilo kosa linalowafukuzisha wengi mlangoni. Moi's Bridge, ambao wazee bado wanaukumbuka kwa jina la Hoey's Bridge, uko kando ya mto Nzoia pale kaunti za Uasin Gishu, Trans Nzoia na Kakamega zinapokaribiana. Stendi ya matatu asubuhi moja utasikia Kibukusu, Kinandi, Kikuyu na Kiturkana kabla gari halijajaa la kwenda Kitale. Masikio hayo yamegawanywa tayari na redio: wapo wa Sulwe na Mulembe, wapo wa Kass na Chamgei, Bungoma kuna West FM, Kitale kuna Redio Imani ya Wakatoliki, na juu yao wote Radio Citizen na Radio Taifa. Katika stesheni hizi zote, saa ya michezo ni saa ya soka, na sehemu kubwa yake ni Arsenal na Manchester United. Ukiingia na pendekezo la nusu saa ya kriketi kila Jumatano, prodyusa atakutazama kwa huruma.

Mazungumzo huwa hivi, kwa jinsi yanavyosimuliwa na watu wa kazi hii:

"Mkubwa, mimi nimechezea timu ya taifa."

"Hongera sana, kaka. Jumamosi utakuwa Kamusinga? Nahitaji mtu wa kunipa matokeo ya hoki saa kumi na dakika kumi."

Jibu sahihi ni ndiyo. Hata kama hujawahi kushika gongo la hoki maishani. Ukanda huu una michezo ya kumlisha mtangazaji chipukizi mwaka mzima: hoki ya Friends School Kamusinga, soka na hoki ya St. Anthony's Kitale, soka ya wasichana wa Wiyeta, Nzoia Sugar wakiwa Bungoma, na Kabras Sugar upande wa Kakamega, waliotwaa Kenya Cup ya raga mwaka 2016 na tena 2022. Voliboli iko kila shule. Riadha siyo ya kusema, mpaka mtoto wa darasa la nne anajua muda wake wa mita 1,500.

Ripoti ya dakika mbili kutoka kiwanja cha shule ni mazoezi makubwa kuliko inavyoonekana. Lazima uwe na matokeo, mfungaji, dakika, jambo moja la kukumbukwa, na umalize kabla prodyusa hajakukata. Majina uyachukue kabla ya mechi, wachezaji wakifunga viatu, na umuulize mwenyewe jinsi linavyotamkwa. Hapa kwetu mama yake msichana huyo anasikiliza, na ukimharibia jina la ukoo umepoteza kijiji kizima. Simu iwe na laini za mitandao miwili, kwa sababu viwanja vingi vya shule viko bondeni. Beba pawabanki. Upepo ukivuma, upe mgongo na uivishe simu soksi safi ya pamba pale penye maiki. Sauti itatoka kama uko ndani ya nyumba.

Kriketi utaiingiza polepole. Siku Uganda ilipoifunga Papua New Guinea kule Guyana, tarehe 5 Juni 2024, katika Kombe lake la kwanza la Dunia la T20, kila stesheni ya Afrika Mashariki ilihitaji mtu wa kueleza ilikuwaje Frank Nsubuga, mwanamume wa miaka 43, akarusha ova 4 na kutoa mbio 4 tu. Siku kama hiyo ikifika, jina la kwanza kichwani mwa prodyusa linapaswa kuwa la yule anayempa matokeo ya Kamusinga bila kuchelewa.

Ova isiyo na kitu

Sasa mazoezi yenyewe. Chukua simu, tafuta mechi yoyote ya kriketi mtandaoni, zima sauti, washa kinasa, na utangaze ova tano bila kusimama. Kisha sikiliza. Utachukia sauti yako. Kila mtu huchukia, pita hapo. Sikiliza mambo mengine: ni mara ngapi ulitaja matokeo? Mchezaji huona ubao wa alama mbele yake siku nzima, ndiyo maana akitangaza husahau kwamba msikilizaji hana ubao. Kule Marekani, Red Barber, mtangazaji wa besiboli wa Brooklyn Dodgers, alikuwa akiweka mezani kioo cha mchanga cha dakika tatu, kile cha kupimia mayai ya kuchemsha. Mchanga ukiisha anataja matokeo, anakipindua. Kwenye kriketi una saa yako tayari: kila ova ikiisha, na kila wiketi ikianguka, sema timu, mbio, wiketi, na kiasi kilichobaki. Mwenye boda boda aliyewasha redio sasa hivi akingoja abiria hajui hata nani anacheza na nani.

Jaribio kubwa la mchezaji anayetangaza si ile ova ya sita tatu mfululizo. Hiyo inajitangaza. Jaribio ni ova isiyo na kitu. Tarehe 15 Machi 2003 mjini Durban, Aasif Karim, mtoto wa Mombasa aliyekuwa ameshastaafu akaitwa tena akiwa na miaka 39, aliwarushia Australia, mabingwa wa dunia, ova 8 na mipira 2. Katika ova hizo, 6 hazikutoa hata mbio moja. Alimaliza na wiketi 3 kwa mbio 7. Kenya ilipoteza mechi hiyo, lakini anayejua kriketi atakueleza kipande kile kwa nusu saa. Sasa kitangaze redioni. Mtu asiye na jicho atasema: anarusha, hakuna mbio, anarusha tena, hakuna mbio, mpira wa tatu, hakuna mbio. Msikilizaji amehamia stesheni ya rhumba.

Mwenye jicho, akitangaza ova ya aina hiyo ya mrushaji yeyote wa mkono wa kushoto, atasema hivi:

"Wa kwanza umetua mbele kidogo ya mguu wake, ameuzuia. Wa pili umetua palepale, ameuzuia tena, lakini safari hii ametupa jicho kulia, kule mlinzi ameondolewa. Pameachwa wazi makusudi, wanamwita apige huko. Wa tatu huu, wa polepole zaidi… amenyanyua bati, amebadili mawazo! Bado ni 71 kwa wiketi 2. Ningekuwa mimi, wa nne ningeutupa polepole kuliko huo, maana miguu yake imeshaanza kutoka."

Hakuna mbio hata moja humo ndani, na bado huwezi kuondoka. Tena amejiweka mtegoni: ametabiri. Utabiri ukikosea, acheke kidogo aendelee. Ukitimia, mhudumu wa kituo cha mafuta ataacha pampu.

Nunua daftari la kawaida la shule, ugawe kila ukurasa mara mbili kwa mstari. Kushoto weka hesabu za mechi mpira kwa mpira, na hapa nasisitiza: jifunze kuandika alama kama karani wa mechi anavyoandika, usitegemee programu ya simu. Kulia andika uliyoyaona, kwa neno moja moja. "Bega." "Kaanza kushoto." "Nahodha kakunja uso." Ule upande wa kulia ndio unaokutofautisha na wengine kibandani, na ndio utakaokuokoa mvua ikinyesha na prodyusa akakwambia jaza dakika ishirini.

Kiti cha pili

Utaanza kama mchambuzi, si mtangazaji mkuu. Mpangilio wa redio ya kriketi, uliozoeleka tangu Test Match Special ya BBC ianze mwaka 1957, ni wa watu wawili: mmoja anaeleza mpira unavyokwenda, mwingine, kwa kawaida mchezaji wa zamani, anaongeza maana mipira ikipumzika. Sheria ya kiti cha pili ni moja, na inavunjwa kila siku: mrushaji akigeuka kuanza kukimbia, wewe nyamaza. Hata kama sentensi iko katikati. Mwenzako lazima awe na nafasi ya mpira. Jizoeze kusema jambo zima kwa sekunde kumi, kwa sababu ndizo unazopewa.

Kuzungumza huku mtu anakusemesha sikioni ni adha nyingine. Studio itakuvisha hedifoni, na prodyusa atakuwa akikwambia "malizia", "tangazo linakuja", "tano, nne, tatu". Mwambie mdogo wako akae nyuma yako akuhesabie kutoka kumi hadi sifuri wakati wewe unasimulia mechi ya jana, na umalize sentensi pale anapofika sifuri. Mwanzoni utakwama kwenye saba. Baada ya muda utaona unamsikia bila kumsikiliza.

Kwenye televisheni sheria hugeuka: picha inasema, wewe ongeza tu. Benaud alikuwa mwalimu wa kunyamaza. Msimamo wake ulikuwa kwamba kama huna cha kuongeza juu ya kinachoonekana, funga mdomo. Ninaona watangazaji wetu wa soka wangefaidika na mwaka mmoja wa shule hiyo, lakini hilo ni ugomvi wa siku nyingine.

Kuhusu Kiswahili chenyewe, fanya uamuzi wa msamiati kabla hujafika hewani na usibadilishe katikati ya mechi. Ova, wiketi na kriketi zimeshazoeleka, ziache. Bati ni bati. Gongo tumeshawapa watu wa hoki, na ukilitaja upande wa Dar es Salaam watawaza kinywaji haramu. Beti nayo usiiguse, vijana watadhani unawapa tipsi za kamari. Mrushaji, mpigaji, mlinda wiketi, mbio, mpaka, vijiti: hayo yanatosha kwa siku nzima. Yale magumu yaeleze kwa kitendo. Mguu umezuia mpira uliokuwa ukielekea kwenye vijiti, basi ametoka. Mvua imekata mechi, hesabu inafanywa upya kwa kuangalia ova na wiketi zilizobaki. Eleza hivyo kila mechi, hata kama umechoka kueleza, kwa kuwa kila mechi kuna mtu anayesikiliza kriketi kwa mara ya kwanza.

Kama unataka kusikia Kiswahili cha michezo kilivyoweza kujengwa Kenya, tafuta kanda za Leonard Mambo Mbotela, mzaliwa wa Freretown, Mombasa, aliyefariki Februari 2025. Hakuwa mchezaji wa kulipwa. Alikuwa na matamshi safi, subira, na namna ya kukufanya umwone kipa. Msikilize kujifunza, usimwige. Kenya imejaa waigaji wa Mbotela na kila mmoja anasikika kama kanda iliyolowa.

Kiingereza usikiache. Ukweli ni kwamba kazi nyingi za kriketi zenye malipo ya maana zinatangazwa kwa Kiingereza, na ukienda huko usivae lafudhi ya London, Mbangwa hakuivaa. Lakini Kombe la Dunia la mwaka 2027 linachezwa Afrika Kusini, Zimbabwe na Namibia, na mwaka 2028 kriketi inarudi kwenye Olimpiki kule Los Angeles. Mamilioni wanaongea Kiswahili, na watu wanaoweza kuitangaza kriketi kwa Kiswahili mechi nzima bila kuchanganya lugha wanahesabika kwa vidole. Kiti hicho kiko wazi.

Wenzako wa jana

Ugumu ambao hakuna anayekuonya ni huu: Jumapili utamchambua kijana uliyelala naye chumba kimoja kambini. Amedondosha mpira uliomfikia mikononi. Utasema nini?

Sema kitendo, mwache mtu. "Mikono ilitangulia mwili, miguu haikusogea" ni uchambuzi. "Huyu siku hizi amelewa sifa" ni umbea. Na kile ulichokisikia chumba cha kubadilishia nguo kibaki huko, hata kama kingekufanya uonekane mjuzi. Ukitumia siri moja hewani, mchezaji mwingine hatakupa tena hata salamu, na jicho lako litakuwa la mtu wa jukwaani kama wengine.

Neno "sisi" lifute. Benaud alilipiga marufuku kwake mwenyewe, na katika ukanda huu lina hatari maradufu. Ukisema "tumefunga" timu ya Bungoma ikicheza na ya Eldoret, umeshawaambia nusu ya wasikilizaji wako wazime redio. Wewe siyo wa timu tena. Kenya ikicheza na nchi nyingine, furaha yako itasikika yenyewe bila kusema "sisi".

Jambo la kamari litakufikia mapema kuliko unavyodhani. Vipindi vingi vya michezo nchini vinadhaminiwa na kampuni za ubashiri, na kusoma tangazo lao ni kazi ya stesheni. Ila mtu akikupigia usiku kuuliza nani ameumia, nani hatacheza kesho, kata simu, na asubuhi mwambie mkubwa wako. Maurice Odumbe alikuwa nahodha siku Kenya ilipoiangusha West Indies mjini Pune mwaka 1996, akachukua wiketi 3 kwa mbio 15 na kuwa mchezaji bora wa mechi. Mwaka 2004 alifungiwa miaka 5 kwa uhusiano na mtu wa kamari. Jina kubwa vile halikumkinga, na la mchambuzi mgeni halitamkinga.

Karatasi na pesa

Mwandishi na mtangazaji nchini Kenya huidhinishwa na Baraza la Vyombo vya Habari, na kitambulisho hufanywa upya kila mwaka. Kichukue mapema; bila hicho utazuiwa kwenye lango la uwanja uliouchezea miaka kumi, na askari hatajali ulifunga mbio ngapi. Ukipata muda na ada, kozi fupi katika chuo cha mawasiliano kama KIMC cha Nairobi, kilichoanzishwa mwaka 1961, itakupa sheria za habari na mkono wa mitambo. Sauti na jicho hutapewa huko, kwa hiyo usikubali kukaa darasani miaka mitatu ukingoja ruhusa ya kuanza.

Mshahara usiutegemee mwaka wa kwanza. Stesheni ndogo hulipa kwa ripoti, kwa mechi, au kwa ahadi. Ongezea kazi za ushereheshaji kwenye mashindano ya shule na harambee, na kusoma matangazo ya biashara. Ukiombwa utangaze bure "ili ujulikane", kubali kwa mechi ulizojiwekea mwenyewe moyoni, kisha acha. Kila rekodi ya kazi yako iwe na nakala kwako, yenye tarehe, maana siku kituo kikubwa kikitaka sampuli watataka ya dakika tatu leo hii jioni, siyo wiki ijayo.

Na ukiitwa Nairobi kutangaza, pata ujumbe ulioandikwa, hata wa WhatsApp, unaotaja kiasi, siku ya malipo, nauli na mahali pa kulala. Mechi ya ova 50 huchukua mchana kutwa na huishia jioni, mvua ikinyesha huzidi, na ukitoka kibandani saa moja usiku gari la Kitale litakalokushusha Moi's Bridge litafika alfajiri. Nauli ya kurudi iwe mfukoni mwako kabla ya mpira wa kwanza.